Yule wa Mikono Baridi

Kila Ijumaa niwapo Jeddah, pale mtaani Kandara, katika chumba cha juu cha yule Mhabeshi anayekodisha vitanda, mimi ndiye husimama nikataja majina ya wasichana wetu waliorudi nyumbani ndani ya sanduku. Sisomi popote. Karatasi huloa, hupotea, huchukuliwa na polisi. Ninayo kichwani: jina lake, jina la babake, kwao, na mtaa alikofia. Wanaotaka nisahau ni wengi, kuanzia maajenti wa Nairobi mpaka watu wa ofisi zenye bendera ya kwetu mlangoni. Sijasahau hata mmoja. Shule niliachia darasa la saba, kwetu Mwala, na yaliyobaki nimejisomea mwenyewe ndani ya magari ya watu nikiwangoja watoke madukani. Lakini kichwa hiki hakijawahi kuachia kitu.

Kwa hiyo mkiona kuna jina moja sijaliandika hapa, msidhani nimelisahau au nimeogopa mtu aliye hai. Nitamwita mwenzetu, na sababu mtaiona.

Mwenzetu alitoka Nyandarua. Alikuwa akifanya kazi mtaa wa Ruwais, huko huko Jeddah, katika nyumba ya zamani ya familia ya bosi wangu, madam Hanan, nyumba ndefu ya madirisha ya mbao iliyobanwa na majengo ya wapangaji. Kazi yake kubwa ilikuwa kumtunza nyanya yake madam, ajuza kipofu ambaye nyumba nzima humwita Sitti. Alimlisha, akamchana nywele, akamwosha miguu kila wakati wa kutawadha. Agosti moja akatumwa paani kusugua tangi la maji, jua likiwa katikati ya kichwa. Hakushuka. Karatasi ya hospitali ikasema moyo ulisimama. Hata aliyegongwa na lori moyo wake husimama.

Maiti ikakaa kwenye friji mpaka tukachoka kupiga simu, kisha ikasafirishwa, mamake akazika. Lakini Sitti hakuambiwa. Walisema atakataa kula. Madam Hanan akaenda ofisi ya wafanyakazi akamchukua Beverly, binti wa Bungoma, na siku ya kwanza tu akampa vitu vitatu. Alimpa kandambili za mwenzetu, ili Sitti asikie mwendo ule ule. Akampa chupa yake ya mafuta ya nywele, nusu imetumika, ili Sitti anuse kichwa kile kile. Halafu akampa jina lake.

"Katika nyumba hii wewe ni huyo," akamwambia. "Halas, imekwisha."

Na wote wakamwita hivyo, mpishi, bawabu, wageni. Kwenye simu ya madam hata jina halikuandikwa upya, ilibadilishwa namba tu.

Mimi ni dereva wa madam, mwanamke kama yeye. Nyumba yake anayoishi iko Riyadh, na mara nyingi namshusha Jeddah. Mwaka jana akapata wazo la kuzifanya orofa za juu za nyumba ya Ruwais kuwa mahali pa maonyesho, vitu vya watu wa majangwa na visiwa vya mbali, Sitti abaki na chumba chake cha chini. Ndipo akaletwa Daktari Zeinab Makame, Mzanzibari wa Kikwajuni, mama mwenye mvi aliyestaafu kufundisha vyuo vikuu. Maisha yake yote alikuwa amesomea desturi za watu, kwanza wenyeji wa asili wa Australia, wale waliokuwapo kabla ya meli yoyote kufika, kisha watu weusi wa visiwa vya Melanesia, huko Pasifiki. Madam alimpangishia chumba Sulimaniyah, hapo Riyadh, juu ya duka la simu. Nilipokwenda kumchukua na makreti yake, madam alikuwa ameshapanda ndege kwenda Jeddah. Daktari alikataa ndege. Alitaka kuliona jangwa.

Nilimngoja tutoke nje ya Riyadh ndipo nikamchokoza.

"Kwa hiyo Daktari, Wazungu walikutuma ukawapime weusi wenzako vichwa."

"Vichwa walipima wa kabla yangu," akasema. "Mie nilikwenda kukaa."

"Kukaa tu? Kuna mtu analipwa kwa kukaa?"

"Ukikaa vizuri. Si kama wewe hapo ulivyokaa?"

Nikacheka bila kupenda. Akanipa tende, akaanza kusimulia, na macho yake hayakutoka kwenye ule mchanga. Alikwenda msichana, na udhamini wa masomo na masanduku mawili. Wanawake wa jangwa la Australia walimfundisha kuchimba mizizi na kusoma nyayo. Walimpa dada, walimpa mashangazi, mpaka wakwe wa kuwaepuka kwa heshima. Wakampa na jina la kwao, alilokuwa nalo mama mmoja wa kambi nyingine. Siku moja habari ikaja kwamba mama yule amekufa.

"Asubuhi ile ile na jina langu likafa," akasema. "Hapana aliyeniita tena. Kule maiti hatajwi, mwanangu. Na aliye hai mwenye jina hilo hulivua. Wote tuliovua majina yetu tuliitwa neno moja, maana yake kama kusema Asiye-na-jina. Miaka nikakaa hivyo, mpaka jamaa zake waliporuhusu. Picha yake ikafichwa. Nyumba yake ikafukizwa moshi wa majani, nyayo zake zikafagiliwa mchangani."

"Kwa nini mtu afutwe hivyo? Huku kwetu tukinyamaza ndiyo wanashinda."

"Hafutwi. Anasindikizwa. Aliyekufa ana safari, na masikio yake bado yako kwenu. Ukimwita, anageuka. Akigeuka, hafiki."

"Na akishageuka?"

"Anakuja kufanya aliloitiwa."

Niliongeza gesi bila kujua. Nikamuuliza kama visiwani pia ni hivyo. Akasema hapana, kisiwa alichokaa yeye jina la marehemu hurudi, hupewa mtoto wa ukoo, lakini kwanza huombwa. Jamaa zote huketi, nguruwe huchinjwa, viazi vikuu hurundikwa, na wenye marehemu wakisema bado, ni bado.

"Kwa hiyo wanalipia," nikasema.

"Wanalipia sana."

Hapo ndipo nilipomweleza habari ya Beverly, na kandambili, na mafuta. Daktari akazifunika tende. Tukaanza kuteremka milima ya Taif, nyani wamekaa kwenye kuta za barabara wanatutazama.

"Unaweza kumwambia madam," nikasema. "Wewe atakusikiliza. Una vyeti."

"Mie si mwenyeji, Winfredi. Kazi yangu ni kutazama. Nikitia mkono sitajua tena nilichokiona ni chao au ni changu."

"Hayo ndiyo maneno ya kila aliyeona akanyamaza."

"Na ikama yangu ya kukaa nchini iko kwa nani, unajua?"

"Kwa madam."

"Ee."

"Basi kafili aliyetudhamini ni mmoja, Daktari. Karibu."

Tulipofika Ruwais nilikwenda moja kwa moja jikoni. Beverly alikuwa anakata vitunguu, mgongo kwangu. Nikamwita. Hakugeuka. Nikamwita tena, Beverly, nikamgusa bega, akaruka hivi kisu kikaanguka.

"Sikusikia," akasema. "Aki Wini sikusikia. Nilidhani unaita mtu mwingine."

"Mtu gani mwingine?"

Akaokota kisu. Kile kicheko chake cha Bungoma, kilichokuwa kikisikika mpaka kwa bawabu, sijui kilienda wapi. "Jumapili mum alipiga simu. Akasema Beverly, Beverly, uko hapo? Mimi niko hapo na simu kwa sikio, namngoja huyo Beverly ajibu. Unaelewa? Mpaka mum akalia. Na lile jina lingine, Sitti hata hajamaliza kuita, mimi nishaitika. Miguu inaenda yenyewe."

"Ni hizo kandambili. Zitupe."

"Nilizitupa. Madam alinunua zingine, saizi ile ile." Akarudi kwenye vitunguu. "Kuna kitu kingine. Usicheke. Napeleka karai ya kumwosha Sitti miguu, na nikifika, ishaoshwa."

"Na nani?"

"Sasa nikuulize wewe. Imelowa. Na sakafu ina maji."

"Ondoka hapa, Bev. Turudi wote Riyadh."

"Niandikwe mtoro? Niende wapi, Kandara nikalale juu ya wengine?" Akanishika mkono, vidole vinanuka vitunguu na yale mafuta. "Sitaki kuondoka, Wini. Nataka tu wakiniita niwe ni mimi. Nikikaa hivi mpaka mkataba uishe, hakuna mtu atarudi Bungoma."

Nikampelekea Daktari maneno hayo kama yalivyo. Hakusema ndiyo wala la. Kesho yake akahamisha kiti chake kutoka orofani, akawa anakaa chumbani kwa Sitti. Akimaliza kuandika kibao kimoja cha maelezo, cha ngao au cha ngoma ya gogo, anashuka, anakaa. Sitti alimpenda, maana Daktari alikuwa na Kiarabu cha chuoni na hadithi za Unguja. Mimi nilipita mlangoni mara kwa mara nikamwona ametulia kama jiwe. Nikasema moyoni, haya, huyu naye kaja kutukusanya. Ataandika kitabu, tutakuwa ukurasa.

Mchana mmoja, karibu na alasiri, akatoka. Mimi nilikuwa uani nafuta kioo cha gari. Alikuja akashika mlango wa gari kama mtu anayeshuka kwenye boti.

"Beverly yuko wapi?" akauliza.

"Dukani. Nimemwona akitoka."

"Sitti kaita. Kaita lile jina, kwa sauti ya kawaida, anataka maji ya kutawadha. Hapana aliyeingia, Winfredi. Mie niko pale, macho nimeyatoa. Hapana mtu." Akajifuta uso kwa mtandio. "Akanyoosha miguu. Na maji yakaanza kumwenda kwenye vidole."

Nikaweka kitambaa juu ya boneti. Nilitaka kumwambia nilikuambia, nikaacha.

"Anaitwa kutwa," akasema Daktari. "Mara ngapi kwa siku? Nyumba nzima inamwita. Basi afanyeje, maskini? Anakuja."

"Na sasa utatazama?"

Alinitazama vibaya. Kisha akasema, "Nipeleke sokoni Balad nikanunue ubani."

Kesho yake ilikuwa siku ya ufunguzi wa maonyesho, na madam alikuwa ameshafika na mafundi wa maua. Daktari alianzia paani, kwenye tangi. Alikuwa na chetezo mkono mmoja na ufagio mkono mwingine. Akafukiza tangi pande zote, akafagia vumbi la paa akirudi kinyumenyume, akafuta kila alama ya mguu pamoja na zetu. Mimi nilibeba mkaa. Hasira ilikuwa imenijaa, sitaficha.

"Huyu alikufa hapa kwa kazi ya watu," nikamwambia. "Hakuna aliyeulizwa hata swali moja. Mimi ninamtaja kila Ijumaa ili wasilale usingizi. Wewe unakuja na moshi umnyamazishe, na madam anasikia harufu nzuri."

"Hicho mnachodai mdai, wala msiache. Taja nyumba, taja paa, taja aliyemtuma. Mie namfungulia njia yeye." Akakohoa. "Mtu hawezi kuwa shahidi wenu huku bado anaosha watu miguu."

Jibu la hilo mpaka leo nalitafuta.

Tukashuka orofa kwa orofa, tukapita kati ya ngao za jangwani na mikufu ya kombe za visiwani, na vibao vya Daktari ukutani vyenye maandishi mazuri. Madam alikuwa kwenye simu. Katika nyumba za Jeddah kufukiza kabla ya wageni ni jambo la kawaida, akaona moshi akatabasamu, akafanya ishara kwa vidole, ongezeni. Daktari akamwinamia kichwa.

Jikoni akamwambia Beverly avue kandambili. Akazifunga kwenye khanga pamoja na chupa ya mafuta. Beverly akawa pekupeku kwenye vigae.

"Atakapoita, usiitike," Daktari akamwambia. "Hata ukivutwa. Si wewe anayeitwa."

Tukaingia chumbani kwa Sitti sote watatu. Alikuwa ameketi kitandani, mgongo umenyooka, tasbihi mkononi. Akaita lile jina.

Beverly akajishika mdomo kwa mikono miwili. Magoti yake yalisogea mbele kidogo, nikamshika kiunoni.

Sitti akaita tena. Madam alikuwa amesimama mlangoni na abaya yake mpya ya ufunguzi, kamba za dhahabu mikononi.

"Mjibu," akasema. "Mbona husemi? Yalla, wageni wako nje."

"Hatajibu," Daktari akasema. Akapiga magoti mbele ya Sitti, akamshika mikono, akasema kwa Kiarabu taratibu, hata mimi nikaelewa. "Sitti, unayemwita alikwishafariki. Alifia juu ya paa lenu, wakati wa joto. Kwao wamemzika. Nisamehe kwa kuwa mimi ndiye wa kukuambia."

Madam akashika ukingo wa mlango. Nilitegemea ajuza apige kelele. Tasbihi tu ikampita kidoleni punje moja, punje nyingine.

"Rahimahallah," akasema. "Basi huyu wa mikono baridi ni nani?"

Daktari akageuka akanitazama.

"Huja wawili," Sitti akasema. "Mmoja mikono yake ya moto, ana haraka, ananuka vitunguu chini ya mafuta. Huyo hufika nyuma. Mwingine hana mwendo. Maji yake baridi hata kiangazi, na akimaliza hukaa hapo miguuni mwangu kama anayengoja kuambiwa nenda." Akageuza uso upande wa mlango, kama anayeona. "Nilidhani, Hanan, umeniletea wawili kwa kunipenda."

"Sitti, mimi..." madam akasema.

"Mimi ndiye niliyekuwa nikimwita." Akaweka kiganja juu ya mdomo wake, akakibakisha hapo. Akakitoa, akainama kidogo kuelekea miguu yake mwenyewe. "Nenda, binti yangu," akasema, bila jina. "Nenda. Nimeoshwa."

Chetezo kilikuwa karibu kuzima. Moshi uliobaki ukajikusanya chini, pale sakafuni penye maji, ukavutika kuelekea dirishani. Labda ulikuwa upepo. Ruwais iko karibu na bahari.

"Na wewe wa mikono ya moto," Sitti akasema. "Unaitwa nani?"

Beverly akafungua mdomo. Hakikutoka kitu. Alinitazama, na mimi jina lake lilikuwa limenijaa kooni, nilitaka kumtupia kama unavyomtupia mtu kamba kisimani. Daktari akainua kidole kunizuia. Huko nje kengele ya mlango ililia, ikalia tena, madam hakusogea.

"Nekesa," akasema mwishowe, kwa sauti niliyokuwa sijaisikia tangu aje nchi hii. "Nekesa. Mum huniita Nekesa." Halafu akalia. "Beverly. Beverly Nekesa."

"Nekesa," Sitti akajaribu. "Njoo uniwekee mto."

Wageni waliingia, juisi zikagawiwa, wakasoma vibao. Yupo bwana mmoja aliyesimama muda mrefu mbele ya kile kinachoeleza kwamba watu wa jangwani hawawataji wafu wao, akasema ni jambo la kupendeza. Kabla ya Isha madam alimwambia Daktari kazi yake imekwisha. Hakupandisha sauti. Mkataba ukavunjwa, tiketi ikakatwa, na ni mimi niliyempeleka uwanja wa ndege.

"Sijui kama nimefanya vyema," Daktari akasema garini. "Nimefanya tu."

"Umechelewa, lakini umefanya."

"Una ulimi mkali wewe."

"Ndio nilionao."

Akacheka, akanipa ile khanga yenye kandambili na mafuta. Niliituma Nyandarua na mtu wetu. Nikampigia mama wa marehemu, nikamweleza yote, nikamwuliza kama nimtaje Ijumaa. "Mwache alale kwanza," akaniambia. "Nitakuambia." Hajaniambia bado. Kwa hiyo pale Kandara nikifika zamu yake nataja Ruwais, nataja paa, nataja tangi na nyumba ya nani, kisha nanyamaza mahali pa jina, na chumba kizima kinanyamaza nami. Nekesa huwa amekaa mbele. Bado anamtunza Sitti, na akiitwa anageuka.

Mimi nimebaki na madam. Hakunifukuza, madereva wanawake anaowaamini ni wachache, na nadhani hakupenda kubaki na yale peke yake. Mwezi uliopita vumbi lilizuia ndege, tukarudi Riyadh kwa gari. Yeye nyuma, mimi mbele. Zamani, kwenye safari kama hizo, mwenzetu ndiye aliyetolewa Ruwais akakaa naye nyuma na kikapu cha vyakula.

Tulikuwa tumeiacha Taif mbali. Madam alikuwa kwenye simu na mtu wa benki, ameudhika, na alipokata hakuinua macho. Akanyoosha mkono pembeni, kama alivyofanya miaka yote ile, akaita lile jina, akaomba maji.

Nilikaza mikono kwenye usukani.

"Madam," nikasema, "humu tuko wawili."

"Najua," akasema haraka. "Najua. Nimekosea."

Sikutazama kioo. Nilitazama barabara, mistari myeupe ikija, ikija. Mkono wake haukuwa umerudi, ningeisikia abaya. Kisha nikasikia maji yakimiminwa, polepole, kama yanavyomiminwa na mtu aliyezoea kutomwaga garini.

"Winfred," madam akasema nyuma yangu, kwa sauti ndogo. "Ni baridi."